Mama mkwe alinisikia nikimfananisha na mama mkwe wa tamthilia ya Kihindi

Shikamoo shangazi,

Mimi ni mwanamke wa miaka 31, nina watoto wawili, naishi Ngamiani hapa Tanga pamoja na mama mzazi wa mume wangu. Mume wangu ni dereva huko Muscat na hurudi kila baada ya miaka miwili. Nyumba ni ya mama, aliachiwa na marehemu baba mkwe. Nakuandikia usiku watoto wakiwa wamelala, maana mchana nikishika kalamu nalia na sitaki wanione.

Shangazi, tamthilia za Kihindi ndizo zilizonipatanisha na mama mkwe wangu, na sasa ndizo zimenigombanisha naye.

Nilipoletwa nyumba hii mwaka 2017 nilikuwa namwogopa. Ni mtu wa maneno machache. Lakini tukishaswali magharibi alikuwa anawasha televisheni kuangalia tamthilia za Kihindi zilizotiwa sauti za Kiswahili, naye anachagua mchele kwenye sinia, anatoa mawe bila hata kutazama. Siku moja akasogea kwenye mkeka, akapiga piga mahali pa kukaa, akaniambia, "Njoo umwone huyu alivyo na roho mbaya." Tangu siku hiyo ikawa desturi yetu. Kuna jioni mkamwana wa kwenye tamthilia alifiwa na kichanga, mama akaacha mchele akaanza kulia. Ndipo akanihadithia habari za mtoto wake wa kwanza, aliyezikwa kabla ya arobaini. Mume wangu hakuwa akizijua habari hizo. Nilimshika mkono tukakaa hivyo mpaka matangazo yakaisha.

Kabla ya kuolewa nilikuwa fundi cherehani. Cherehani yangu niliinunua mwaka 2014 kwa pesa ya upatu, nikapanga fremu karibu na soko. Mwaka 2021 nilipojifungua mtoto wa pili nilifunga fremu, tukakubaliana na mume wangu ni kwa muda. Cherehani ikaletwa chumba cha nyuma, na iko hapo mpaka leo. Mama hukunjia nguo za watoto juu yake, kisha kila usiku huifunika kwa kanga yake. Nikiiona imefunikwa vile naona kama maiti.

Mwaka jana wifi yangu aliniunganisha na tamthilia za Kihindi za mtandaoni, zile za kulipia kwa mwezi. Shangazi, zile ni nyingine kabisa. Naweka spika za masikioni usiku, nasoma maandishi ya Kiingereza yanayopita chini. Kuna moja ya wapanga harusi wa Delhi, bibi harusi msomi anagundua kwamba wakwe walidai mali kwa wazazi wake kwa siri na bwana harusi alijua. Akainuka katikati ya harusi, akaondoka. Nilirudia kipande kile mara nne. Wanawake wa humo wanafanya kazi, wanasema wanachotaka, wanaondoka. Nikaanza kujiangalia. Funguo za stoo na kabati anazo mama, kama wale mama wakwe wa Kihindi wanaozifunga kiunoni. Mimi ndiye wa mwisho kula. Hata kwenda kwenye harusi ya rafiki naaga siku mbili kabla.

Mwezi wa pili nikamwambia mume wangu nataka kufungua fremu tena. Akasema, "Mama hapendi. Na watoto ataangalia nani?" Nilipong'ang'ania akaniambia, "Bando ninalonunua mimi ndilo linanivunjia nyumba."

Kwa hasira nikamrekodia rafiki yangu voisi. Nilisema, "Huyu mama ni mama mkwe wa tamthilia kabisa, kakosa sari na bangili tu. Mimi humu ni kijakazi." Rafiki yangu akaituma kwa mtu mwingine, na yule kwa mwingine. Jumamosi moja binti wa jirani akaja kwetu, akaifungua simu kwa sauti sebuleni bila kujua ni nini. Mama alikuwa na sinia lake. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaniuliza taratibu, "Kumbe mimi ndiye huyo?" Akainua sinia na mchele nusu haujachaguliwa, akaingia chumbani.

Wiki ya tano sasa. Salamu anaitikia, watoto anawalea kama kawaida, lakini televisheni haiwashi tena, na chai anakunywa chumbani kwake. Mume wangu anasema nimwombe mama msamaha, nifute ile programu, na habari ya fremu nisiitaje tena. Rafiki yangu anasema nirudi kwetu Muheza hadi waniite wenyewe.

Nauliza mawili, shangazi. Haya ninayoyataka ni yangu au nimeyaokota kwenye simu? Na nikimwomba mama radhi, si nitakuwa nimekubali kwamba sina haki ya kutaka chochote?

Mkamwana wa Ngamiani, Tanga


JIBU

Marahaba, mwanangu. Barua yako nimeisoma mara tatu. Mara ya tatu nilishika kalamu nikawa napigia mstari yale ambayo mama mkwe wako ameyasema kwa kinywa chake mwenyewe kuhusu ugomvi huu. Nimepata sentensi moja tu: "Kumbe mimi ndiye huyo?" Mengine yote ama mume wako amemsemea, ama umeyasoma wewe kwenye mikono yake: funguo, nguo alizokunja, kanga aliyofunikia cherehani. Huenda umeyasoma sawasawa, wewe ndiye unayeishi naye. Lakini nimeona nikuambie mapema, kwa sababu mengi nitakayosema yanatoka hapo.

Nionavyo mimi, umemuumiza mtu mliyewahi kushikana mikono gizani, na unalijua hilo, ndiyo maana unalia. Wakati huohuo unataka kurudi kwenye kazi yako. Katikati ya hayo imeingia hofu kwamba hiyo hamu yenyewe si yako. Mume wako ameyafunga yote fundo moja, ukiomba radhi uwe na fremu umeiacha. Fundo hilo amelifunga yeye akiwa Muscat. Sijui kama mama analijua.

Tuanze na hofu yako. Cherehani uliinunua mwaka 2014. Wakati huo hukuwa mke wa mtu, na hizo tamthilia za simuni hukuwa umeziona. Ulitoa pesa ya upatu mwezi hadi mwezi ukisubiri zamu yako, na ulipoipokea hukununua dhahabu wala kochi, ulinunua cherehani. Ulipofunga fremu mlikubaliana ni kwa muda. Sasa niambie, hamu hiyo imeokotwa kwenye simu lini? Mimi nadhani tamthilia ilikupa kitu kingine, ilikupa maneno. Kijakazi, funguo, kuondoka katikati ya harusi. Hamu ni yako, maneno ni ya kuazima, na wakubwa walisema nguo ya kuazima haisitiri maungo. Uliyavaa mbele ya rafiki yako, yakakuvuka mbele ya mama mkwe.

Na mume wako naye nisimwache hivihivi, ingawa hayupo kujitetea. Anaamini tamthilia zinaharibu wanawake. Wachumi wawili, Robert Jensen na Emily Oster, walichapisha mwaka 2009 utafiti kuhusu vijiji vya India vilivyofikiwa na televisheni ya kebo, wakati tamthilia za wakwe na wakamwana zilikuwa zimeshika nchi nzima. Waliona kwamba kebo ilipoingia kijijini, wanawake waliosema ni sawa mume kumpiga mke walipungua, walioona ni lazima mtoto awe wa kiume walipungua, na wanawake wakapata kauli zaidi katika mambo ya nyumbani. Na zile zilikuwa tamthilia za kizamani, za sari na machozi. Kwa hiyo kusema kinachoonekana kwenye kioo hakimgusi mtu si kweli. Ila kuguswa ni jambo moja na kuharibiwa ni jingine, na wewe mwenyewe umenipa ushahidi: mtoto aliyezikwa kabla ya arobaini, ambaye hata mume wako hakuwa akijua habari zake, alitajwa katika nyumba hiyo kwa sababu ya kipande cha tamthilia. Hilo usilisahau unapofikiria kufuta programu, na mume wako angefaa kulisikia pia, mama akiridhia.

Lakini kuna jambo kuhusu tamthilia hizi ambalo mtazamaji hapaswi kuliachia lipite. Mama mkwe wa Kihindi unayemwona kwenye kioo ana nguvu inayotoka mahali fulani. Sisi mahari hutoka kwa mume kwenda kwa mke. Kule kuna mali inayoitwa dahej, nayo huenda kinyume: wazazi wa binti ndio wanaotoa kwa ukoo wa mume. Sheria ya India iliipiga marufuku mwaka 1961, lakini haijaisha. Takwimu za serikali yao za mwaka 2022 zilihesabu wanawake zaidi ya 6,000 waliokufa katika vifo vilivyohusishwa na mali hiyo, kwa mwaka mmoja. Binti anaingia nyumba ya watu akiwa na orodha ya alivyoleta, na mama mkwe ndiye mwenye kuikagua orodha. Hapo ndipo linapotoka lile jicho kali na zile funguo kiunoni. Bibi harusi wako wa Delhi hakuwa anamkimbia mama anayekunja nguo za wajukuu. Alikuwa anakataa kununuliwa mume kwa jasho la baba yake, na alikuwa na haki. Wewe mahari yako ilitoka kwao ikaja Muheza. Sisemi mama wakwe wa kwetu hawaonei watu. Nasema uonevu wa kwetu, ukiwepo, una sura yake, na inabidi uutazame kwa sura hiyo ndipo uutaje kwa jina lake.

Tena ziangalie zinavyotengenezwa. Ile tamthilia kubwa ya wakwe, Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi, ilianza kwenye kituo cha televisheni cha Star Plus Julai 2000 ikaenda hadi 2008, sehemu zaidi ya 1,800, na mwaka 2025 wakairudisha. Tamthilia ya kila siku inaishi kwa matangazo, na matangazo hufuata hesabu ya watazamaji inayotoka kila wiki. Mama mkwe na mkamwana wakipatana Jumatatu, Jumanne hakuna cha kuonyesha. Kwa hiyo hawapatani, na kamera inakwenda usoni mara tatu na ngoma inalia. Hizi za mtandaoni ni sehemu nane au tisa, mara nyingi zinatolewa zote kwa mkupuo, lazima msimu ufungwe, na hakuna mlango unaofunga vizuri kama mwanamke anayeondoka na begi. Huoni asubuhi ya pili yake. Huoni watoto wamelala wapi, nani kalipa kodi, mama wa yule mume amekula nini usiku ule. Rafiki yako anayekuambia urudi Muheza anakupa mwisho wa msimu.

Jina la tamthilia ile ya 2000, ukilileta Kiswahili, ni "Kwa sababu mama mkwe naye aliwahi kuwa mkamwana." Nimelifikiria sana jina hilo nikisoma barua yako. Je, umewahi kumuuliza mama aliishi vipi na mama mkwe wake? Nani alishika funguo wakati ule? Alikula wa ngapi?

Kuna nyingine ya mtandaoni ningependa uitafute, kama hujaiona. Inaitwa Panchayat, ilianza mwaka 2020. Tangu mwaka 1993 katiba ya India inataka walau theluthi ya viti vya serikali za vijiji iwe ya wanawake. Katika tamthilia hii Manju Devi ndiye mwenyekiti wa kijiji kwenye karatasi, ila kazi yote anaifanya mumewe, na kila mtu humwita mume ndiye mwenyekiti, huku Manju Devi yuko jikoni. Mwisho wa msimu wa kwanza inafika siku yao ya Jamhuri, tarehe 26 Januari, na inatakiwa bendera aipandishe mwenyekiti mwenyewe. Wimbo wa taifa haujui. Anajifunza, anausimamia mbele ya watu, anauimba. Baada ya hapo anarudi kwa mume yuleyule na jiko lilelile. Misimu inayofuata anaanza kukaa kwenye vikao na kutoa neno. Mimi nililia kwenye wimbo ule kuliko kwenye harusi zote, kwa sababu naijua hofu ya mwanamke mtu mzima anayejifunza jambo mbele ya watu.

Sasa uliyoniuliza.

Kuomba radhi. Unaogopa kwamba ni kujisalimisha. Inategemea unaomba radhi kwa lipi. Ukienda na maneno "nisamehe mama, tamthilia zimeniharibu," umekubali hoja ya mume wako na umemdanganya mama, kwa sababu huamini hivyo. Lakini unaweza kuomba radhi kwa voisi peke yake: kwamba ulimsema nyuma ya mgongo wake, kwa jina ambalo si lake, mpaka likamfikia mbele ya mtoto wa jirani. Hilo halikunyang'anyi cherehani. Hatari yake ipo, nisikufiche. Anaweza kukuitikia "yamekwisha" kwa midomo na chai akaendelea kunywea chumbani. Na mume wako akisikia umeomba radhi anaweza kudhani na fremu imekwisha. Kwa hiyo pengine yeye aambiwe mapema, kwa upole, kwamba haya ni mawili na unaanza na moja.

Kuhusu kazi, sijui kama fremu ya sokoni ndiyo njia pekee, au ni ile uliyoizoea. Kuna mafundi wanaotoa cherehani barazani kwao, wakaanza na mashela ya watoto wa madrasa na sare za shule, wateja wakawafuata hapo. Ubaya wake naujua. Wateja hawana saa, watoto wanavuta kitambaa, na kazi ya nyumbani watu huichukulia si kazi, utaitwa uepue sufuria wakati umeshika mkasi. Tena baraza ni ya mama, na bila ridhaa yake utakuwa umejenga ugomvi mpya juu ya wa zamani. Fremu nayo ina kodi kila mwezi hata usiposhona, na swali la mume wako la watoto lina uzito, ingawa alilisema vibaya. Na mtu wa kujibu swali hilo si yeye, ni mama, maana ndiye atakayebaki nao. Hajaulizwa. Angalau kwenye barua yako sikuona alipoulizwa.

Unaweza pia kumngoja mume mpaka arudi likizo mkae watatu. Faida yake ni kwamba kila mtu atasikia sauti ya mwenzake badala ya simu kuwa mshenga. Hasara yake ni miezi ya kimya, na kimya cha nyumba moja huzaa maneno yake. Kama una somo wako aliyekufunda, au dada mtu mzima wa upande wa mume anayeheshimika, anaweza kukaa katikati mapema. Mchague mwenye kifua, kwa sababu voisi moja imekwisha kukuonyesha maneno yanavyotembea Ngamiani.

Na Muheza? Ingekuwa unapigwa, ningekuambia ondoka leo na barua hii uimalizie njiani. Hukuandika hivyo, na kama kuna jambo uliloliogopa kuandika, niandikie tena, nitalipokea. Kama hakuna, basi fikiria vizuri unamwachia nani nyumba, na utamwachia mama picha gani yako, hasa baada ya sentensi ile aliyokuuliza.

Funguo za stoo, kula wa mwisho, kuaga siku mbili kabla, sikuyapuuza. Huenda yanakuchosha kweli, na una haki ya kuyasema. Ila yaseme kama yalivyo, kwa jina la nyumba yenu. "Mama, nachoka kungoja ufunguo kila nikitaka sukari" ni maneno anayoweza kuyajibu. "Mama mkwe wa tamthilia" hana la kujibu hapo zaidi ya kuinua sinia.

Jambo moja limenikaa tangu usomaji wa kwanza. Wewe unaiona cherehani iliyofunikwa kanga kama maiti. Mimi nimekulia pwani hii. Hewa ya bahari inakula chuma, vumbi linaingia kwenye mashine likaganda na mafuta, na cherehani isiyofunikwa miaka minne haishoni tena. Kwetu kitu kinachofunikwa kila usiku kwa kanga ya mwenye nyumba, mara nyingi ni kitu anachokitunza. Huenda nimekosea. Huenda anafunika kwa mazoea tu, au kweli hataki kuiona. Mimi siko kwenye chumba hicho, wewe uko.

Jioni moja, baada ya magharibi, mchele ukiwa haujachaguliwa, ungejaribu kukaa naye kwenye mkeka hata televisheni ikiwa imezimwa. Chukua upande mmoja wa sinia. Ukimaliza la radhi, muulize habari ya ile kanga, kisha uniandikie alichokujibu.